Mtawala wa Ukutani Haulizwi Swali

Mada yetu ni picha: ile picha kubwa ya rangi ya mafuta inayochorwa kwa miezi mingi, ikimwonyesha mfalme au malkia aliye kitini, amevaa joho refu, taji liko kichwani au mezani kando yake, kisha ikatiwa fremu ya dhahabu na kutundikwa katika kasri, ubalozi au nyumba ya gavana. Huenda mtu akasema kwamba hayo ni mambo ya Ulaya, na kwamba sisi wa Taita Taveta hatukuwa na mfalme hata tukawa na haja ya kumchora. Ni kweli hatukuwa na mfalme, na kwa sababu hiyo hasa mada hii ni yetu. Dai langu ni moja, nami nitalitetea hadi mwisho. Picha rasmi ya mtawala aliye hai haichorwi ili watu waijue sura yake. Huchorwa ili mamlaka yake yakae mahali ambapo mwenyewe hayupo, yatiiwe pasipo kuulizwa swali. Wazee wa milima ya Taita waliishi kwa utaratibu mwingine, uliomtaka mwenye mamlaka awe karibu na akubali kuulizwa. Katika jambo hili naona wazee ndio waliokuwa na haki, na Katiba yetu ya mwaka 2010 imewaunga mkono kuliko wengi wetu tunavyotambua.

Tuanze na kazi yenyewe ya picha hizi. Mwaka 1701 mchoraji Hyacinthe Rigaud alimchora mfalme Louis wa 14 wa Ufaransa. Picha ilikusudiwa kwenda Uhispania kwa mjukuu wake Philip, aliyekuwa amerithi ufalme huko, lakini Louis alipoiona akaipenda mno, akabaki nayo na kuagiza nakala. Mfalme huyo alikuwa ameshapita umri wa miaka 60, ila miguu tunayoonyeshwa ni ya kijana mcheza dansi. Hakuna aliyelalamika kwamba miguu hiyo si yake, kwa kuwa hakuna aliyetarajia picha iseme ukweli juu ya miguu. Huko Uingereza, Allan Ramsay alimchora mfalme George wa 3 akiwa katika mavazi ya kutawazwa, na karakana yake ikatoa nakala zaidi ya 100 za picha hiyo, zikapelekwa kwa mabalozi na magavana wa makoloni. Fikirini maana ya nakala hizo. Gavana aliyekuwa ng'ambo ya bahari alihitaji kitu cha kuweka nyuma ya kiti chake, ili anayeingia kwake ajue kwamba neno linalotoka katika kinywa cha gavana ni la mtu mkubwa kuliko yeye. Waswahili husema asiyekuwepo na lake halipo. Picha ya mfalme iliundwa kuipindua kanuni hiyo: mwenyewe hayupo, lakini lake lipo, tena lipo mbele ya kila mtu.

Sasa tuje nyumbani. Elizabeth wa 2 alipata umalkia akiwa katika ardhi ya Kenya, tarehe 6 Februari 1952, baba yake alipofariki Sandringham, Uingereza, naye akiwa ziarani karibu na Nyeri. Alitawazwa tarehe 2 Juni 1953, na baadaye mchoraji James Gunn akapewa kazi ya kuchora picha ya serikali, ambayo nakala zake zilisambazwa kwenye balozi na makazi rasmi duniani. Katika picha hiyo malkia amevaa gauni lile la kutawazwa lililobuniwa na Norman Hartnell. Gauni hilo lilitariziwa alama za nchi 11 za himaya na jumuiya yake: England, Scotland, Wales, Ireland ya Kaskazini, Kanada, Australia, New Zealand, Afrika Kusini, India, Pakistan na Ceylon. Kenya haimo. Uganda haimo, na makoloni mengine yote hayamo. Nchi ile ile ambako alikuwa siku alipopata umalkia haikupewa hata ua moja kwenye kitambaa. Sisemi hayo kama malalamiko ya kukosa urembo. Nasema kwamba picha rasmi ni hati ya serikali, nayo husomwa kama hati zinavyosomwa. Gauni lile lilihesabu nchi zilizotambuliwa kuwa wanachama. Waliobaki nje ya hesabu walikuwa watu wa kutawaliwa, na hao ndio picha ilitumwa kwao waitazame.

Katika miaka hiyo hiyo, si mbali sana na Voi, kando ya barabara kuu ya Nairobi, palijengwa kambi ya Manyani. Serikali ya kikoloni ilikuwa imetangaza hali ya hatari Oktoba 1952 kwa sababu ya uasi dhidi yake, na baada ya msako mkubwa wa Nairobi wa Aprili 1954, maelfu ya wanaume walisombwa na kuletwa kufungiwa hapa katika joto la nyika ya Tsavo, wengi wao bila kufikishwa mahakamani. Mwaka huo huo homa ya matumbo ililipuka kambini na kuua watu. Amri za kuwaweka kizuizini zilitolewa na serikali ya gavana Evelyn Baring, na gavana alitawala kwa jina la malkia. Mfungwa wa Manyani aliyetaka kujua kosa lake angemuuliza nani? Askari wa zamu angemwelekeza kwa mkuu wa kambi, mkuu wa kambi kwa gavana, na gavana kwa yule aliye ukutani, ambaye hana sikio. Ilibidi kungoja hadi Juni 2013 ndipo serikali ya Uingereza ikaeleza masikitiko yake bungeni na kukubali kuwalipa wazee 5,228 walioteswa wakati huo jumla ya pauni milioni 19.9, tena baada ya wazee hao kuisukuma mahakamani. Ilipita takriban miaka 60 kabla ya swali kupata jibu. Mtu anayesema picha ya mtawala ni pambo tu la ukuta hana budi kuueleza umbali huo kati ya aliyeuliza na aliyepaswa kujibu.

Historia ya Taveta inalionyesha jambo hili kwa namna nyingine. Wakati wa kugawana Afrika, mpaka wa Waingereza na Wajerumani ulipitishwa kandokando ya Kilimanjaro, Taveta ikaangukia upande wa Waingereza. Agosti 1914 majeshi ya Wajerumani yakaivamia na kuikalia, hadi Machi 1916 yalipoondolewa baada ya mapigano ya Salaita na ya vilima vya Latema na Reata. Reli ya kutoka Voi kuelekea Maktau ilijengwa kwa ajili ya vita hivyo. Kwa hiyo mkazi wa Taveta, pasipo kuhama nyumbani kwake, alitoka chini ya mfalme George wa 5, akawa chini ya Kaiser Wilhelm wa 2, kisha akarudi kwa George. Watawala hao wawili walikuwa binamu, wote wajukuu wa malkia Victoria, na hakuna hata mmoja aliyewahi kukanyaga Taveta. Wilhelm alijulikana huku kwa kichwa chake kilichogongwa kwenye rupia ya Afrika Mashariki ya Kijerumani, akiwa amevaa kofia ya chuma yenye tai. George alijulikana kwa kichwa kilicho kwenye shilingi, ambayo upande wake wa pili ulikuwa na simba na milima. Kodi ya nyumba ilipodaiwa, mtu alikwenda kwenye mashamba ya mkonge au kwenye reli kuutafuta uso huo wa mfalme, kisha akaurudisha serikalini. Na tazameni zile senti ndogo zilizotobolewa tundu katikati, za senti 1, 5 na 10, zilizozunguka zaidi mikononi mwa maskini: hizo hazikuwa na uso wa mfalme. Uso ulianza kuonekana pale ambapo thamani ilikuwa kubwa kidogo.

Wakati himaya hizo zinafika, watu wa milima hii walikuwa na utaratibu wao wa mamlaka. Dawida, Sagalla, Kasigau na Mbololo hazikuwa na mtawala mmoja. Mambo ya mashamba, maji, ndoa na ugomvi yaliamuliwa na wazee wa ujirani, watu waliokaa na wale waliowaamua, wakanywa nao na kuzikana nao. Misitu ya fighi ililinda eneo, na kila eneo lilikuwa na wazee wake waliojua wajibu wa kuitunza. Mtafiti Grace Harris, aliyeishi Taita na kuchapisha kitabu chake juu ya dini ya Wataita mwaka 1978, alieleza kwa kirefu ibada ya kutasa, ambamo mtu hutema kinywaji na kutamka kwamba moyo wake hauna hasira dhidi ya mwenzake. Mzee mwenye hasira iliyofichika alihesabiwa kuwa hatari kwa jamii nzima, hata kama hasira yake ilikuwa na haki. Kwa hiyo alitakiwa aitamke na kuitoa hadharani. Huo ni mfumo unaomdai mwenye nguvu auonyeshe moyo wake mbele ya watu, jambo ambalo hakuna picha ya mafuta inayoweza kulifanya.

Hata wafu wa Taita walikuwa karibu. Baada ya maziko kupita muda wake, fuvu la marehemu lilitolewa kaburini na kuwekwa pangoni au chini ya mwamba, pamoja na mafuvu ya waliomtangulia katika ukoo. Jamaa walikwenda huko kusema nao, kutoa sadaka na kutafuta sababu ya ugonjwa au ukame. Naomba tulitafakari hili bila aibu na bila kulirembesha, kwa sababu wamisionari waliofika Sagalla mwaka 1883, na wale waliokuja baada yao, walitufundisha kulionea haya. Ukiliweka kando ya picha ya mfalme utaona tofauti ya msingi. Aliyewekwa pangoni alikuwa mtu aliyemaliza maisha yake, matendo yake yanajulikana na wale wanaomwendea, na aliendewa kwa maneno, hata ya manung'uniko. Aliyetundikwa ukutani ni mtu aliye hai, ambaye kazi yake haijaisha, ambaye watazamaji hawamjui, na ambaye hatarajiwi kusikia lolote. Kwa wazee wetu hata maiti iliulizwa. Kwa himaya, hata aliye hai hakuulizwa.

Kisha likatokea jambo ambalo kila mtu wa kaunti hii anapaswa kulijua. Wakati wa ukoloni, mafuvu yalichukuliwa kutoka mapango ya Taita na kupelekwa Chuo Kikuu cha Cambridge. Mwaka 1931 jarida la kisayansi la Biometrika lilichapisha utafiti wa vipimo vyake. Baadaye Mmarekani William Howells aliyapima tena, akayafanya kuwa moja ya makundi ya watu katika ulinganisho wake mkubwa wa mafuvu ya dunia, kundi aliloliita Teita, lenye mafuvu 83, ya wanaume 33 na ya wanawake 50. Vipimo hivyo vimetumiwa na wataalamu duniani kote hadi leo. Wanaume na wanawake hao 83 walikuwa na majina na wajukuu. Katika majedwali wamebaki namba, urefu wa paji na upana wa taya. Tuyasome matukio haya mawili pamoja: nyuso za wafalme wa Uingereza zilikuja huku zikiwa na jina, cheo na fremu, na vichwa vya wazee wa Taita vikaenda kule bila jina. Serikali ya wafalme hao ilijua kabisa kwamba sura ya mtu ina heshima, maana iliwalipa wachoraji bora kuitukuza. Ilichokataa ni kwamba heshima hiyo ni ya kila mtu.

Kuna hoja dhidi yangu, nami nataka kuzijibu kwa haki. Ya kwanza inasema kwamba nawapamba wazee wa zamani. Walikuwa wanaume, walijali mali, vijana na wanawake hawakupewa nafasi sawa katika maamuzi, na mtu aliyeshukiwa uchawi aliweza kuangamia. Hoja hii ni ya kweli, wala sitaki kuidogosha. Sidai kwamba utaratibu ule ulikuwa wa usawa, wala siombi turudi huko. Ninachosema ni chembamba zaidi: mzee aliyekosea alikuwa na mahali pa kupatikana. Alikuwa na boma linalojulikana, mashamba yanayopakana na ya mlalamikaji, na jamaa walioweza kumkabili. Linganisha na yaliyowapata Wataita walipojaribu kuukabili utawala wa mfalme. Mwangeka wa Mwanda alipinga Kampuni ya Imperial British East Africa miaka ya 1890 na kujibiwa kwa bunduki. Mwaka 1940 chama cha Taita Hills Association, kilichopeleka mbele ya serikali malalamiko ya ardhi, kilipigwa marufuku pamoja na vyama vya Wakikuyu na Wakamba, na viongozi wake wakatiwa kizuizini. Kasoro za wazee zilikuwa za watu unaoweza kuwafikia. Kasoro za himaya zilifichwa nyuma ya mtu asiyefikiwa.

Hoja ya pili ni ya wapenda sanaa. Wanasema picha hizi ni kazi za mikono yenye vipaji, na kwamba mtu anayezitazama kwa siasa peke yake anajinyima uzuri. Nami nakubali kwamba uzuri upo, tena wakati mwingine uzuri huo ndio unaoanza kuuliza maswali. Pietro Annigoni alipomchora Elizabeth miaka ya 1954 na 1955 kwa chama cha wauza samaki cha London, aliacha taji na kiti cha enzi, akamsimamisha peke yake katika joho la buluu iliyokolea mbele ya anga pana, na watu wakaona mwanamke kijana aliyebeba mzigo. Jonathan Yeo alipozindua picha ya mfalme Charles wa 3 tarehe 14 Mei 2024, aliifunika karibu turubai yote kwa rangi nyekundu, sare ya kijeshi ikayeyuka ndani ya wekundu huo, na kipepeo akawekwa begani. Mara watu wengi wakaanza kubishana: wengine waliona damu ya himaya, wengine moto, wengine ujasiri wa mchoraji. Ubishi huo ni wa afya, na sanaa imefanya kazi yake. Lakini picha zote mbili hazikuwa ile ya kusambazwa maofisini. Ziliagizwa na vyama vya mji wa London, kila moja ikawa turubai moja inayopaswa kutazamwa kama kazi ya mtu. Picha ya serikali hutakiwa itambulike mara moja, isibishaniwe, na nakala zake zifanane. Kwa hiyo kuitetea sanaa hakuniondolei dai langu, bali kunalitia nguvu: kadiri picha inavyokuwa sanaa zaidi, ndivyo inavyofaa kidogo kwa kutawalia.

Hoja ya tatu ni nzito kuliko zote. Inasema nchi kubwa haiwezi kukaa chini ya mwembe mmoja kama ujirani wa Taita. Watu mamilioni wasiojuana huhitaji alama ya kuwaunganisha, na uso wa mtu huunganisha kuliko maandishi. Tena, wanasema, wapo watu wanaowapenda wafalme wao kwa hiari. Huko Buganda, picha ya Kabaka Ronald Muwenda Mutebi wa 2, aliyetawazwa 31 Julai 1993, imetundikwa katika nyumba nyingi ambako hakuna askari aliyeamuru. Gavana Andrew Cohen alipomfukuza Kabaka Mutesa wa 2 mwezi Novemba 1953 akampeleka Uingereza, Waganda walisimama imara hadi akarudishwa Oktoba 1955. Naiheshimu hoja hiyo, na jibu langu ni kutenganisha mambo mawili. Picha ambayo mtu ameinunua mwenyewe na kuitundika sebuleni ni tamko lake. Siku akikasirika ataishusha, na kushusha huko nako ni kauli. Picha inayotundikwa kwa fedha ya umma ndani ya ofisi ya umma haisemi lolote juu ya mapenzi ya anayeitazama. Mwaka 2023 serikali ya Uingereza ilitenga pauni milioni 8 ili taasisi za umma zipate bure picha ya mfalme mpya yenye fremu, safari hii ikiwa ya kamera. Raia wengi huko waliuliza kama fedha hizo hazikuwa na kazi bora zaidi. Mapenzi ya kweli hayahitaji bajeti. Na kuhusu alama ya kuwaunganisha watu, bendera, wimbo wa taifa na Katiba vinatosha, tena vina sifa moja ambayo uso hauna: havikosei, havizeeki, wala haviibi.

Lakini hatuwezi kuwanyoshea kidole wageni peke yao, kwa maana sisi wenyewe tuliirithi fremu na kubadilisha uso tu. Kenya ilipata uhuru tarehe 12 Desemba 1963, ila kwa mwaka mmoja zaidi Elizabeth aliendelea kuwa malkia wa Kenya, hadi Jamhuri ilipotangazwa tarehe 12 Desemba 1964. Mwaka huo wa 1964 bodi ya sarafu ya Afrika Mashariki ilitoa noti mpya zisizo na malkia. Mahali pake palikuwa na jahazi likisafiri ziwani. Kwa muda mfupi tukawa na fedha isiyo na mtawala juu yake. Septemba 1966 Benki Kuu ya Kenya ikatoa noti zake za kwanza, na juu yake ukakaa uso wa Mzee Jomo Kenyatta. Kuanzia mwaka 1980 ukafuata uso wa Daniel arap Moi. Mwaka 2003, Kenya ikiadhimisha miaka 40 ya uhuru, ikatoka sarafu ya shilingi 40 yenye uso wa Mwai Kibaki, na mwaka 2005 sarafu zikamrudia Jomo. Viongozi hao hawakuwa wafalme, walichaguliwa au walidai kuchaguliwa, lakini desturi waliyoikalia ni ile ile ya George na Elizabeth. Anayeingia ofisi ya serikali hadi leo hukutana kwanza na sura ya mkuu wa nchi, kisha ndipo atafute nani wa kumhudumia.

Ndiyo maana kifungu cha 231 cha Katiba, ibara ndogo ya 4, kina uzito zaidi kuliko kinavyosemwa. Kinasema noti na sarafu zinaweza kuwa na michoro inayoonyesha Kenya au sehemu ya maisha yake, lakini zisibebe picha ya mtu yeyote. Wakenya waliipigia kura Katiba hiyo tarehe 4 Agosti 2010, na Desemba 2018 zikatoka sarafu mpya: twiga kwenye shilingi 1, kifaru kwenye 5, simba kwenye 10 na ndovu kwenye 20. Mtu wa Voi anayemjua ndovu wa Tsavo, mwenye kumvunjia ua na kumlia mahindi, ana haki ya kumtazama ndovu huyo wa sarafu kwa moyo mchanganyiko, lakini angalau ni jirani yake halisi. Noti mpya zilipozinduliwa Juni 2019, zikawa na jumba la KICC pamoja na sanamu ya Jomo Kenyatta iliyo mbele yake. Okiya Omtatah akaenda mahakamani kudai kwamba uso umerudishwa kwa mlango wa nyuma. Mahakama Kuu ilikataa ombi lake, lakini kesi yenyewe ni fahari: raia aliuliza swali juu ya uso wa mtawala, hadharani, na dola ikalazimika kujibu kwa hoja. Kabla ya hapo uso ulikuwa juu ya maswali.

Je, basi picha za wafalme zichomwe? Hapana. Nenda Unguja, kwenye kasri la Beit al-Sahel pale Forodhani. Baada ya Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 liliitwa Kasri la Wananchi, na mwaka 1994 likafanywa makumbusho. Picha za masultani zimetundikwa humo, na watu huingia, huzisogelea, humuuliza mwongozaji huyu alikuwa nani, alifanya nini, watumwa walikuwa wapi wakati wake, na karafuu zilimtajirisha nani. Sura ile ile iliyokuwa ikitiiwa sasa inahojiwa. Hapo ndipo mahali pa haki pa picha ya mtawala: ndani ya nyumba ya maswali, wakati kazi yake imekwisha na kumbukumbu za wote, waliotawala na waliotawaliwa, zimewekwa kando yake.

Kutokana na hayo natoa mapendekezo matatu kwa wenye nafasi ya kuyatekeleza. Kwanza, moyo wa kifungu cha 231 uenezwe kutoka kwenye fedha hadi kwenye kuta. Mahali penye picha ya mkuu aliye madarakani katika zahanati, ofisi ya chifu na ofisi ya ardhi, pawekwe jina la afisa wa hapo, huduma anazodaiwa, gharama yake na njia ya kumlalamikia. Hilo ni tangazo linaloulizika. Pili, panapoonyeshwa nchini picha au sanamu za watawala wa kikoloni, pawe na maelezo ya yaliyofanyika kwa jina lao, na Manyani itajwe kwa jina. Tatu, serikali ya kaunti, pamoja na Makumbusho ya Taifa ya Kenya na wazee wa koo za Taita, iandike rasmi kwa Chuo Kikuu cha Cambridge juu ya mafuvu yaliyochukuliwa katika mapango yetu: ni mangapi, yalitoka mapango gani, nani aliyachukua, na lini yatarudi. Kama yatazikwa, kama yatarudishwa mwambani au kama yatahifadhiwa kwa namna nyingine, hilo ni la koo zenyewe kuamua. Wapo watakaosema ni mambo ya kale yasiyoleta maji bombani. Nawajibu kwamba ofisi iliyozoea kuulizwa juu ya mambo ya kale itazoea pia kuulizwa juu ya bomba, na ofisi iliyozoea kusujudiwa haitajibu lolote kati ya hayo mawili. Barua hiyo inaweza kuandikwa mwezi huu.